Mambo ya Kibinadamu na Saikolojia katika Usalama wa Anga: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Maswali yafuatayo hurudi kila ndege inapoanguka, na mengi huulizwa kwa uchungu. Majibu yameandikwa kwa ajili ya msomaji ambaye si rubani: abiria, mwanafunzi anayefikiria kusomea urubani au ufundi wa ndege, mwandishi wa habari, na ndugu wa marehemu anayejaribu kuelewa lugha ya ripoti za uchunguzi.

"Mambo ya kibinadamu" katika usafiri wa anga ni kitu gani hasa?

Ni elimu inayochunguza namna mwili, akili na mahusiano ya watu yanavyoathiri kazi yao pale wanapoendesha, wanapokarabati au wanapoongoza ndege. Inachota maarifa kutoka saikolojia, udaktari, uhandisi na elimu ya usingizi. Rubani ndiye anayetajwa zaidi, lakini elimu hii inamhusu vilevile mwongoza ndege aliye mnarani, fundi aliye karakana saa nane za usiku, mhudumu aliye mlangoni, mhandisi aliyeamua kitufe kikae wapi, na mkurugenzi aliyepunguza bajeti ya mafunzo. Shirika la Kimataifa la Usafiri wa Anga, ICAO, linataka somo hili liwe sehemu ya masharti ya leseni, kwa hiyo mwanafunzi wa urubani hulifanyia mtihani kama anavyofanya mtihani wa hali ya hewa au wa urambazaji.

Ripoti ikisema "kosa la rubani", je, chanzo cha ajali si kimekwisha kupatikana?

Hapana. Kosa la mtu ni mahali uchunguzi unapoanzia, kwa sababu bado halijajibiwa swali la kwa nini mtu aliyefunzwa, mwenye afya njema na anayependa maisha yake, aliona wakati ule kwamba alilofanya lilikuwa sahihi.

Mfano ulioifungua njia elimu hii unatoka Vita Kuu ya Pili ya Dunia. Marubani wa Marekani walikuwa wakitua salama na ndege kubwa za B-17, kisha, ndege ikiwa tayari ardhini, wakikunja magurudumu na kuiacha ianguke kwa tumbo juu ya njia ya kurukia. Wakubwa wao waliona uzembe. Mwanasaikolojia Alphonse Chapanis, aliyekuwa akilitumikia jeshi la anga, alikwenda kuangalia chumba cha marubani chenyewe, akakuta kwamba swichi ya magurudumu na swichi ya flapu (vipande vya bawa vinavyoshushwa wakati wa kutua) zilikaa jirani na zilifanana kwa umbo. Rubani aliyechoka, mkono wake ukitafuta flapu bila macho kuutazama, alishika magurudumu. Dawa yake ilikuwa kuweka kipande cha mpira chenye umbo la gurudumu kwenye swichi moja na chenye umbo la kabari kwenye nyingine, ili vidole vitambue tofauti hata gizani. Hadi leo, mpini wa magurudumu katika ndege za abiria una kichwa cha mviringo mfano wa gurudumu, na kanuni za utengenezaji ndizo zinazodai hivyo.

Kama uchunguzi ungeishia kwenye neno "uzembe", marubani wangeadhibiwa na ndege zingeendelea kuanguka. Hoja hii ndiyo msingi wa majibu yote yanayofuata: binadamu hukosea kwa namna zinazoweza kutabirika, na kazi ya usalama ni kupanga vifaa, taratibu na mahusiano ya kazi ili kosa lionekane, litajwe na lirekebishwe kabla halijaua.

Inawezekanaje rubani mwenye uzoefu wa maelfu ya saa akasahau jambo la msingi kama kuangalia ndege iko juu kiasi gani?

Kwa sababu uangalifu wa binadamu una mipaka ambayo uzoefu hauiondoi. Tarehe 29 Desemba 1972, ndege ya Eastern Airlines safari namba 401 ilikuwa inakaribia kutua Miami wakati taa ndogo ya kuthibitisha kwamba gurudumu la mbele limefunguka ilipokataa kuwaka. Marubani waliweka otopailoti, mtambo unaoirusha ndege wenyewe, ishike urefu wa futi 2,000, kisha wote waliokuwa chumbani wakajishughulisha na taa ile: mmoja alihangaika kuichomoa, mwingine alishuka chini ya sakafu kutazama gurudumu kwa macho. Bila wao kujua, usukani uliguswa, otopailoti ikaacha kushika urefu, na ndege ikaanza kushuka polepole juu ya kinamasi cha Everglades, mahali pasipo na taa hata moja ya kumwonyesha mtu kwamba ardhi inakaribia. Takribani watu 100 walifariki. Balbu ilikuwa imeungua, na gurudumu lilikuwa limefunguka vizuri.

Hakuna aliyekuwa mvivu katika chumba kile. Wote walikuwa wakifanya kazi kwa bidii, lakini kazi moja, na hapakuwa na mtu aliyeachiwa jukumu la kuirusha ndege. Ndiyo maana mafunzo ya sasa husisitiza kugawana kazi kwa kutamka: huyu anarusha, yule anashughulikia hitilafu, na mgawanyo huo haubadiliki mpaka mmoja aseme na mwenzake akubali. Kutokana na ajali za aina hii na nyingine za miaka ya 1970, Marekani iliweka mwaka 1981 kanuni inayokataza mazungumzo na shughuli zisizohusu safari chini ya futi 10,000.

Je, ni kweli kwamba heshima kwa mkubwa inaweza kuangusha ndege?

Ndiyo, na jambo hili linastahili kujibiwa kwa kirefu, kwa kuwa linatugusa sisi tuliolelewa kutomkatiza mzee anapozungumza.

Ajali iliyoua watu wengi zaidi katika historia ya usafiri wa anga ilitokea ardhini, katika uwanja wa Los Rodeos, kisiwani Tenerife, tarehe 27 Machi 1977. Bomu lililolipuka katika uwanja wa kisiwa jirani lilizifanya ndege nyingi zielekezwe Los Rodeos, uwanja mdogo ambao mchana ule ulifunikwa na ukungu. Kapteni wa ndege ya KLM, shirika la Uholanzi, Jacob Veldhuyzen van Zanten, alikuwa mkuu wa mafunzo ya Boeing 747 katika shirika lake, mtu ambaye marubani wengine walitahiniwa naye. Muda wake wa kazi kisheria ulikuwa unakaribia kwisha, na kuchelewa zaidi kungemaanisha kulala pale pamoja na abiria wote. Alipoanza kusukuma injini mara ya kwanza, rubani mwenza alimkumbusha kwamba ruhusa ilikuwa haijatolewa, naye akasimama. Muda mfupi baadaye, rubani mwenza akiwa bado anarudia maelekezo ya njia kwa redio, kapteni alianza tena kuondoka, ingawa maelekezo yale hayakuwa ruhusa ya kupaa. Safari hii rubani mwenza hakumzuia. Mhandisi wa ndege, aliyekuwa amesikia kwenye redio jambo lililomtia shaka, aliuliza kama ndege ya Pan Am, shirika la Marekani, iliyokuwa ikitembea kwenye njia hiyohiyo ya kurukia, imekwisha kutoka njiani. Kapteni alijibu kwa mkazo kwamba imetoka, na mhandisi hakuuliza tena. Pan Am ilikuwa bado mbele yao ndani ya ukungu. Watu 583 walikufa.

Swali la mhandisi lilikuwa sahihi kabisa. Kilichokosekana ni utaratibu uliompa mtu wa chini haki, na zaidi ya haki, wajibu wa kusimamisha kila kitu mpaka shaka yake ijibiwe kwa ushahidi. Mwaka uliofuata, tarehe 28 Desemba 1978, ndege ya United Airlines safari namba 173 iliishiwa mafuta karibu na Portland, kapteni akiwa ameshughulika na tatizo la magurudumu huku wenzake wakigusia mafuta bila kusema wazi kwamba yanakwisha. Watu 10 walifariki. Baada ya hapo NASA, shirika la anga za juu la Marekani, iliwakutanisha wataalamu mwaka 1979, na mashirika yakaanza mafunzo ya ushirikiano kazini, ambayo watu wa anga wote huyaita CRM.

Mafunzo hayo humpa rubani mwenza maneno yaliyopangwa, ili asilazimike kubuni namna ya kumkosoa mkubwa wake ndani ya sekunde tano. Huanza kwa kutaja anachokiona, hupendekeza hatua, huonya kwa jina na kwa sauti, na pasipopatikana jibu huchukua usukani. Humfunza kapteni pia, na kwa maoni yetu hapa ndipo penye uzito zaidi. Kijana anayeanza kazi hawezi kuubadilisha peke yake utamaduni wa chumba, lakini kapteni anaweza kuubadilisha kabla injini hazijawashwa, kwa kusema waziwazi kwamba anataka kukosolewa na kwa kushukuru anapokosolewa. Heshima haipotei kwa hilo, kwa sababu kumwonya mkubwa kabla hajaumia ni namna ya kumheshimu.

Matunda ya mafunzo haya yalionekana tarehe 19 Julai 1989, injini ya mkiani ya ndege ya United safari namba 232 ilipopasuka na kukata mifumo yote ya mafuta ya kusukumia usukani. Kapteni Al Haynes aligawana kazi na wenzake, pamoja na mkufunzi wa marubani aliyekuwa abiria, wakaiongoza ndege kwa kuongeza na kupunguza nguvu za injini mbili zilizobaki hadi uwanja wa Sioux City. Kati ya watu 296, walinusurika 184, katika hali ambayo hakuna aliyewahi kuifanyia mazoezi.

Rubani anawezaje kutojua kwamba ndege yake imelala upande?

Ndani ya sikio kuna mifereji mitatu midogo yenye majimaji, nayo hutuarifu kichwa kinapozunguka. Imeumbwa kwa ajili ya kiumbe anayetembea ardhini. Ndege ikianza kuinama polepole sana, kwa kasi isiyofika digrii 2 hivi kwa sekunde, majimaji hayo hayatoi habari yoyote, na rubani huhisi yuko sawa ilhali bawa moja linashuka. Mchana, macho husahihisha kosa kwa kuutazama upeo wa macho. Usiku, juu ya bahari, ziwa au msitu usio na taa, macho hayana cha kutazama nje, na usalama wote hubaki kwenye vipimo vilivyo mbele ya rubani. Hisia hizi za uongo zina nguvu kubwa. Rubani anayeziamini anaweza kusukuma usukani kuelekea upande ule ule unaoiangusha ndege.

Hivyo ndivyo ilivyokuwa kwa ndege ya Kenya Airways safari namba 507, Boeing 737-800, iliyoondoka Douala kuelekea Nairobi usiku wa manane wa tarehe 5 Mei 2007, mvua ya radi ikiwa karibu. Ndege ilikuwa na mwelekeo mdogo wa kulalia kulia, na mwanzoni kapteni aliusahihisha. Kisha alitamka agizo la otopailoti, lakini otopailoti haikushika, na hakuna kati ya wawili hao aliyethibitisha kwenye vipimo kwamba imeshika. Kwa karibu dakika moja hakuna mtu aliyekuwa anairusha ndege, na ndege ikazidi kuinama kidogo kidogo gizani. Mlio wa onyo ulipotoka, mwinamo ulikuwa umezidi digrii 30. Kapteni, aliyeshtushwa na hali ambayo mwili wake haukuwa umemwarifu, alizungusha usukani kulia, kisha kushoto, kisha kulia tena. Ndege ilianguka kwenye kinamasi cha mikoko kilomita chache kutoka uwanjani, na watu wote 114 walifariki. Wachunguzi wa Cameroon walitaja kupotewa na mwelekeo, kutofuatilia vipimo, na ushirikiano hafifu kati ya marubani wawili.

Miaka saba kabla ya hapo, tarehe 30 Januari 2000, ndege ya shirika hilohilo safari namba 431 ilipaa usiku kutoka Abidjan kuelekea baharini. Mara tu baada ya kuacha ardhi, ulisikika mlio wa kuonya kwamba mabawa yanakaribia kupoteza nguvu ya kuibeba ndege. Mlio ule haukuwa wa kweli. Rubani mwenza aliyekuwa anarusha alishusha pua, kama anavyofunzwa kila rubani anaposikia onyo hilo, lakini hapakuwa na urefu wa kushukia wala taa za kuonyesha maji yaliko. Kati ya watu 179 walinusurika 10.

Marubani wa Afrika Mashariki wanayajua mazingira haya vizuri, kwani kupaa usiku kuelekea Ziwa Victoria au Bahari ya Hindi ni kazi ya kawaida. Kinga yake ni nidhamu ya kuamini vipimo kuliko mwili, na kuthibitisha kwa macho kila kitu kilichoamriwa kwa mdomo.

Ndege za siku hizi zinajiendesha zenyewe. Rubani anakosea wapi tena?

Mitambo imeondoa makosa mengi na kuleta mengine. Mtu aliyekaa saa nyingi akiangalia mashine inayofanya kazi vizuri hupungukiwa na uangalifu bila kutaka, na ustadi wa mikono usiotumika hufifia. Kisha mashine hukabidhi ndege ghafla, katika dakika mbaya kuliko zote. Tarehe 1 Juni 2009, ndege ya Air France safari namba 447 ilikuwa juu ya Atlantiki, kapteni akiwa mapumzikoni, wakati mirija ya kupimia mwendo ilipozibwa na barafu na otopailoti ikajizima. Rubani aliyekuwa anarusha alivuta usukani na kuendelea kuuvuta, ingawa onyo la kupoteza nguvu ya mabawa lilisikika zaidi ya mara 70. Chini ya dakika tano baadaye ndege iligonga bahari ikiwa na watu 228.

Upande wa pili wa suala hili ni wa mtengenezaji. Ndege ya Ethiopian Airlines safari namba 302, iliyokuwa inatoka Addis Ababa kwenda Nairobi tarehe 10 Machi 2019, ilianguka karibu na Bishoftu dakika sita tu baada ya kupaa. Watu 157 walifariki, wakiwemo Wakenya 32. Mfumo uitwao MCAS, uliotegemea kihisio kimoja kilichotoa taarifa za uongo, ulikuwa unaisukuma pua chini tena na tena, kama ulivyofanya kwa ndege ya Lion Air mwezi Oktoba 2018. Bodi ya usalama wa usafiri ya Marekani ilieleza baadaye kwamba waliothibitisha usalama wa mfumo huo walidhani marubani wangetambua hitilafu na kuchukua hatua sahihi haraka, bila kupima ipasavyo hali halisi ambamo usukani unatikisika, milio inapishana na vipimo vya pande mbili vinapingana. Kuhesabu jibu kamilifu la binadamu aliyeshtuka kuwa sehemu ya kinga ya mashine ni kosa la kibinadamu, nalo lilifanyika ofisini, mbali na chumba cha marubani.

Kengele zote hizo hazitoshi kumzindua rubani?

Kengele husaidia ikiwa maana yake ni moja. Ndege ya Helios safari namba 522 iliondoka Larnaca tarehe 14 Agosti 2005, swichi ya kudhibiti hewa ya ndani ikiwa imeachwa kwenye hali ya kuendeshwa kwa mkono baada ya matengenezo ya usiku. Mlio wa kuonya kwamba hewa inapungua ulikuwa uleule unaotumika ardhini kuonya kwamba ndege haijapangwa vizuri kwa kupaa. Marubani waliufahamu kwa maana ya pili, wakaanza kutafuta tatizo lisilokuwepo, na upungufu wa oksijeni ukawapoteza fahamu. Oksijeni inapopungua, akili ndiyo huathirika kwanza, na mtu hujihisi vizuri wakati uamuzi wake umekwisha kuharibika. Katika futi 35,000 muda wa kuweza kufanya jambo la maana ni kama nusu dakika hadi dakika moja. Watu 121 walikufa.

Uchovu una uzito gani kweli?

Uzito mkubwa kuliko wanavyokubali watu wengi. Utafiti uliochapishwa mwaka 1997 ulionyesha kwamba mtu aliyekaa macho saa 17 hufanya kazi kwa kiwango cha mtu mwenye kilevi cha asilimia 0.05 katika damu, na tofauti iliyopo ni kwamba mchovu hanuki pombe wala hayumbi anapotembea. Kati ya saa nane za usiku na saa kumi na mbili alfajiri mwili hudai usingizi hata kama mtu alilala mchana.

Ndege ya Air India Express safari namba 812, iliyotoka Dubai ikiwa na wafanyakazi wengi wa Ghuba wanaorejea nyumbani, ilipita mwisho wa njia ya kurukia Mangalore alfajiri ya tarehe 22 Mei 2010 na kutumbukia bondeni. Watu 158 walifariki. Kinasa sauti kilionyesha kwamba kapteni alikuwa amelala sehemu kubwa ya safari, na wachunguzi wakaeleza kwamba akili inayoamka kutoka usingizi mzito huchukua muda kabla ya kufanya maamuzi mazuri. Rubani mwenza alisema zaidi ya mara moja kwamba waghairi kutua.

Saa za juu za kazi zimewekwa na mamlaka za anga, lakini ukomo wa kisheria haumpi mtu usingizi. Mwajiri anayepanga zamu kwa kubana kila dakika inayoruhusiwa amefuata sheria na bado ameweka watu hatarini.

Mafundi na waongoza ndege nao wanahusika?

Wanahusika kwa kiwango kilekile. Tarehe 10 Juni 1990, kioo cha mbele cha ndege ya British Airways safari namba 5390 kiling'oka angani na kapteni akavutwa nje hadi kiunoni, wahudumu wakamshikilia miguu mpaka rubani mwenza alipotua Southampton. Alipona, na hakuna aliyefariki. Saa 27 hivi kabla ya safari ile, msimamizi wa zamu ya usiku ya mafundi alikuwa amebadilisha kioo hicho akiwa na upungufu wa watu na mwanga hafifu, akachagua bolti kwa kuzilinganisha na za zamani kwa macho badala ya kufungua kitabu cha vipuri. Bolti 84 kati ya 90 zilikuwa nyembamba kwa chini ya milimita moja. Alikuwa fundi mzuri aliyezoea kumaliza kazi kwa wakati, na hakuna mtu wa pili aliyetakiwa kuikagua kazi ile.

Huko Überlingen, mpakani mwa Ujerumani na Uswisi, ndege mbili ziligongana usiku wa tarehe 1 Julai 2002 na kuua watu 71. Mwongoza ndege alikuwa peke yake akihudumia meza mbili, mwenzake akiwa mapumzikoni kwa mazoea yaliyovumiliwa, na baadhi ya vifaa vya tahadhari na simu vikiwa kwenye matengenezo. Rubani mmoja alifuata amri ya mwongoza ndege, mwingine alifuata kifaa cha ndani ya ndege. Tangu hapo msisitizo wa kimataifa ni mmoja: kifaa cha kuzuia mgongano kikiamuru, marubani wote wanakifuata, hata kama sauti ya redioni inasema vingine.

Lugha ina nafasi gani?

Ndege ya Avianca iliyoanguka karibu na New York mwezi Januari 1990 iliishiwa mafuta baada ya marubani kusema kwamba mafuta yanapungua bila kutamka neno rasmi la dharura. Watu 73 walifariki. ICAO sasa inawataka marubani na waongoza ndege wa safari za kimataifa wafikie angalau ngazi ya 4 ya umahiri wa Kiingereza, na kanuni hiyo inawabana hata wenye lugha hiyo kwa kuzaliwa, ambao mara nyingi ndio wanaozungumza haraka na kwa misemo isiyoeleweka na wengine.

Rubani mwenye matatizo ya afya ya akili aruhusiwe kurusha?

Sonona inayotibiwa na kufuatiliwa ni jambo ambalo mamlaka nyingi zimejifunza kulisimamia, na rubani anaweza kurudi kazini baada ya kupimwa. Hatari kubwa iko kwenye ugonjwa unaofichwa. Tarehe 24 Machi 2015 rubani mwenza wa Germanwings, shirika la Ujerumani, alijifungia peke yake katika chumba cha marubani na kuigongesha ndege kwenye Milima ya Alps, wakafa watu 150. Madaktari walikuwa wamemwona hafai kazi, na mwajiri hakujua. Barani kwetu, wachunguzi wa Namibia walihitimisha vilevile kwamba rubani aliiangusha kwa makusudi ndege ya shirika la Msumbiji, LAM, iliyoanguka tarehe 29 Novemba 2013 na kuua watu 33. Baada ya Germanwings, Ulaya iliyalazimisha mashirika yawe na mpango ambao rubani anaweza kuzungumza kwa siri na rubani mwenzake aliyefunzwa kusikiliza. Matukio haya ni nadra mno, na kuyatumia kuwatisha marubani wote wanaokwenda kwa mshauri kunaongeza tu idadi ya wanaoficha.

Kwa nini watu wa anga wanapinga kuadhibu anayekiri kosa?

Kwa sababu kosa lisiloripotiwa hurudi likiwa limeua. Mwaka 1976 Marekani ilianzisha mfumo wa kupokea taarifa za siri za makosa na hatari, na ukawekwa chini ya NASA makusudi, kwa kuwa marubani wasingemwamini msimamizi mwenye mamlaka ya kuwanyang'anya leseni. Kiambatisho cha 13 cha Mkataba wa Chicago, makubaliano ya kimataifa yanayoongoza usafiri wa anga, kinasema uchunguzi wa ajali una lengo moja la kuzuia ajali nyingine, na si kugawa lawama. Kiambatisho cha 19, kilichoanza kutumika mwaka 2013, kinadai pia ulinzi wa taarifa za usalama. Ulevi kazini, hujuma na uvunjaji wa makusudi havilindwi. Anayelindwa ni fundi anayesema kwamba hakumbuki kama alikaza bolti ya mwisho, ili ndege irudishwe karakana. Nchi za Afrika Mashariki zinaoanisha kanuni zao kupitia wakala wa jumuiya, CASSOA, wenye makao Entebbe. Kanuni zikishaandikwa hubaki kazi ngumu zaidi ya kumfanya yule fundi aamini kwamba kesho atakuwa bado na ajira.

Mimi ni abiria tu. Saikolojia yangu inahusiana vipi na usalama?

Moja kwa moja. Tarehe 23 Novemba 1996, ndege ya Ethiopian Airlines safari namba 961, iliyokuwa inatoka Addis Ababa kuelekea Nairobi, ilitekwa nyara na kuishiwa mafuta karibu na Komoro. Kapteni Leul Abate aliituliza baharini mita 500 hivi kutoka ufuo wa Ngazidja, na watu wa pwani wakaja kuokoa. Kati ya watu 175 walinusurika 50. Wapo walioponea kwenye mgongano wenyewe lakini walikuwa wamejaza upepo majaketi yao ya kuokolea wakiwa bado ndani. Maji yalipoingia, majaketi yaliwainua hadi darini na wakashindwa kupiga mbizi kuufikia mlango. Hofu ilikuwa imewasukuma kufanya mapema jambo ambalo ni sahihi ukiwa nje.

Tarehe 2 Januari 2024, ndege ya Japan Airlines iligongana na ndege ya walinzi wa pwani katika uwanja wa Haneda na kushika moto. Wahudumu, kipaza sauti cha ndege kikiwa kimeharibika, walitumia vipaza sauti vya mkononi kuwaelekeza abiria kwenye milango iliyokuwa salama, na watu wote 379 waliokuwa ndani ya ndege hiyo ya abiria walitoka hai, mizigo yao wakiiacha iungue. Kwa hiyo msikilize mhudumu anapoonyesha jaketi hata kama umeshamwona mara nyingi, hesabu viti vilivyopo kati yako na mlango wa mbele na wa nyuma ili uweze kuvipapasa kwenye moshi, vaa viatu wakati wa kupaa na kutua, jaza jaketi upepo ukishatoka mlangoni, na begi liache.